Namna ya Kuwa Nyumbani Ukiwa Xiaobei

Mwongozo huu ni wako wewe uliyekwenda Guangzhou, China, kufuata mzigo kwa wiki mbili, ukapanga mtaa wa Xiaobei wanakokaa Waafrika wengi, na sasa unaingia mwaka wa tatu. Ni wako pia wewe uliyebaki Tandika, Eastleigh au Kikuubo, unayelala na simu chini ya mto.

Kusafirisha mizigo tumeshajua. Mfanyabiashara wa Kariakoo, hata ukimwamsha usiku, atakwambia kwamba mzigo wa ndege huhesabiwa kwa kilo na wa meli kwa CBM, yaani mita za ujazo, kwamba sahani hazikai chini ya majora ya vitambaa, na kwamba kila furushi huandikwa jina pande zote mbili. Lakini kumsafirisha baba mtu kila jioni hadi kwa mwanawe, apite kwenye kioo chenye ukubwa wa kiganja na afike mzima, hilo hatukufundishwa. Tunamfunga ovyo, tunamtuma, akifika vipande vipande tunalaumu mtandao. Yafuatayo ni maelekezo ya kufunga.

Kazi ya kwanza hufanyika kabla ya safari

WhatsApp ilifungwa China mwaka 2017, Facebook mwaka 2009. Ukiiacha laini yako ya nyumbani ifanye kazi ugenini utaipata WhatsApp, kwa sababu data yake hupitia kampuni ya kwenu, ila bando la ugenini ni ghali na mazungumzo na mama yatakuwa mafupi kama telegramu za zamani. Wengi huishia WeChat. Nayo ina taratibu zake: mtumiaji mpya mara nyingi hutakiwa adhaminiwe na mtumiaji wa siku nyingi. Usimwachie mama kazi hiyo wewe ukiwa umeshatua uwanja wa Baiyun. Ifanyeni pamoja, mkekani, siku ambayo huna haraka. Shika kidole chake, kiweke juu ya kitufe cha kurekodi sauti, abonyeze, aseme, aachie. Rudieni mpaka aicheke sauti yake mwenyewe. Kama hajui kusoma, kitufe hicho kimoja kinamtosha.

Na uione fahari kidogo, maana kitu hicho ni mwenyeji wa mji unaokwenda. WeChat ilitengenezwa Guangzhou na timu ya kampuni ya Tencent chini ya Zhang Xiaolong, ikatolewa Januari 2011, na miezi michache baadaye ikapewa uwezo wa kutuma sauti. Sauti ya mama yako itakuwa inakufikia kwa kifaa kilichobuniwa vituo vichache vya treni kutoka kitanda chako.

Hesabu ya saa

Guangzhou imeitangulia Afrika Mashariki kwa saa 5. Kwa watu wengine hiyo ni hesabu moja. Kwa Mswahili ni mbili, maana saa yetu huanza kuhesabu jua linapotoka, na simu huanza usiku wa manane. Simu ikiandika 20:00, wewe unasoma saa 2 usiku, unarudi nyuma saa 5, unafika saa 9 alasiri ya Dar es Salaam. Watoto wametoka shule, vyombo vya mchana vimeoshwa, jua limeanza kulegea. Hapo ndipo pa kupiga.

Ukiamka saa 1 asubuhi na hamu ya kusimulia ndoto uliyoota, jizuie. Nyumbani ni saa 8 usiku, na simu ya saa 8 usiku kwetu ina maana moja. Kabla mama hajasikia unavyocheka, atakuwa ameshamzika mtu moyoni mwake. Ndoto iseme kwenye ujumbe wa sauti, ataikuta akiamka.

Kisha nenda soko la saa la Zhanxi, nunua saa ya ukutani ya bei ya chini, itundike juu ya kitanda na uiache ifuate saa za nyumbani. Faida yake ni kwamba hutamuuliza tena mkeo kila siku, "Saa ngapi huko?" Mtu anayeuliza hivyo kwa miaka mitatu anamwambia mwenzake kwamba bado hajamwekea nafasi kichwani.

Simu yako haina vyumba

Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu nimeona ndoa zikichakaa kwa jambo hili moja, na wenye ndoa wakidhani ni mapenzi yameisha.

Unapiga simu ya video jioni. Anaipokea mtoto. Kioo kinaonyesha dari, feni, kisha nusu ya sikio. Shangazi anapita, unampa shikamoo. Jirani aliyekuja kuazima mwiko anaingiza kichwa, anauliza friji ndogo huko zinauzwaje. Mjomba anataka kujua kama kuna baridi. Mkeo umemwona kwa sekunde tatu, nyuma ya bega la mtu, akiwa na beseni. Dakika 40 zimekwisha, umezungumza na mtaa mzima, yeye hujazungumza naye. Kesho yake anakwambia umebadilika, nawe unashangaa, maana unapiga kila siku!

Nyumba ya Kiswahili ina baraza kwa wapitao, sebule kwa wageni, na chumba cha ndani kwa wenyewe. Waliojenga hivyo walielewa kwamba mapenzi yanataka mlango unaofungwa. Simu yako ina mlango mmoja tu na unafunguka moja kwa moja barazani. Basi vijenge hivyo vyumba vingine mwenyewe.

Simu ya video ya jioni iache iwe baraza. Iwe na kelele zake, isiwe fupi, na usikate salamu kwa kuogopa bando. Kwetu salamu ndiyo mazungumzo yenyewe: uliamkaje, watoto je, mguu wa babu unaendeleaje. Anayesema "mimi mzima, tuje kwenye shida" ameshafunga simu kabla hajaikata.

Chumba cha ndani ni ujumbe wa sauti. Ukiinua simu sikioni, sauti huacha kutoka kwa nguvu na kuingia sikioni peke yake. Mwanamke anaweza kuketi katikati ya sebule yenye watu tisa, anamenya viazi, na maneno yako yakamfikia asisikie mwingine hata mmoja. Bibi zetu walikuwa na kanga kwa kazi hiyo: maneno yaliyochapwa karibu na pindo yalimfikia aliyekusudiwa mbele ya kadamnasi, na wengine wakaona vazi tu. Wewe umepewa kanga inayosema kwa sauti yako. Usiitumie kuulizia kama fundi bomba amekuja. Mwambie umemkumbuka wapi leo, kwa sababu gani, ulikuwa unatazama nini. Nong'ona. Mwanamume wa Kiswahili anayeona haya kunong'ona atambue kwamba kontena zima la makochi halitasema atakachosema yeye kwa sekunde 20.

Kuna sababu nyingine ya kuyapeleka mambo ya moyo kwenye ujumbe wa sauti, nayo ni ya kitaalamu. Mwaka 2009 kundi la wanaisimu, akiwemo Tanya Stivers, lilipima mazungumzo katika lugha 10 za mabara mbalimbali, likakuta kwamba kwa wastani kati ya swali na jibu hupita kama sehemu moja ya tano ya sekunde. Binadamu tunaishi ndani ya mwanya huo bila kuuhisi. Sasa kati ya Guangzhou na Dar es Salaam kuna zaidi ya kilomita 8,000 kwa mstari ulionyooka, na nyaya hazinyooki. Mkeo anauliza, "Bado unanipenda?" Unajibu papo hapo. Jibu linazunguka bahari, linamfikia limechelewa. Yeye amesikia kusita. Kusita huko ni kwa nyaya, lakini umebeba lawama wewe, na usiku huo hakuna aliyelala. Maswali ya namna hiyo yasiulizwe kwenye simu ya moja kwa moja. Yarekodi, yatume, na jibu lirekodiwe.

Mwaka 2013 watafiti Crystal Jiang na Jeffrey Hancock walichapisha utafiti uliolinganisha wapenzi wanaotenganishwa na umbali na wale wanaoishi karibu. Walio mbali walionekana kufunguliana moyo zaidi, na ukaribu wao haukuwa mdogo. Hilo lilinipa nguvu sana. Ila waligundua pia kwamba walio mbali humpamba mwenzao kichwani kuliko alivyo. Kwa hiyo usimpe nafasi ya kukupamba kupita kiasi. Akuone na shati la kulalia, katikati ya maboksi, unakula wali wa jana.

Tuma visivyo na bei

Guangzhou kila kitu kina bei, na bei hiyo inasemwa kwa kikokotoo. Muuzaji wa jengo la Tianxiu anabonyeza namba, anakuonyesha. Nawe unaifuta, unabonyeza yako, unamrudishia. Mnaweza kumaliza mwaka mzima hivyo bila kujuana sauti. Baada ya saa kumi za namba unapiga simu nyumbani, mama anauliza habari za huko, unajibu, "Nzuri, biashara inakwenda." Umemtumia boksi tupu lililofungwa vizuri.

Mama hataki bei. Mwambie kwamba mwezi wa tatu upepo wa joto hurudi kutoka kusini na kuta za nyumba hutoka jasho, vigae vinaloa kama vimemwagiwa ndoo, taulo haikauki wiki nzima. Hataamini. Geuza kamera, pitisha kidole ukutani, aone. Msimu huohuo miti mirefu isiyo na jani hata moja hujaa maua mekundu, makubwa kama ngumi ya mtoto, na yakidondoka njiani wazee huyaokota na kuyaanika kwa ajili ya chai na supu. Ndilo ua la mji wa Guangzhou. Mtumie picha. Atakuuliza kama huo si msufi, na atakuwa amekaribia sana, maana mti huo ni ndugu wa msufi wetu. Kutoka hapo ataingia kwenye habari za godoro la sufi alilolalia utotoni, nani aliliiba, na kwa nini familia ile haisemezani na yenu mpaka leo. Umepata saa nzima ya mama yako kwa ua lililokanyagwa.

Hili tulilijua tukalisahau. Mwaka 2011 TBC, televisheni ya taifa ya Tanzania, ilionyesha tamthilia ya Kichina iliyotiwa sauti za Kiswahili, Doudou na Mama Wakwe Zake, na watu wakaacha vyungu jikoni kwenda kuitazama. Viwanda vya China na maghorofa yake havikuwa na nafasi kwenye habari ile. Tulivutwa na nani kapika, nani kanuna, mkwe kasema nini mezani. Tuliisogelea nchi ya mbali kwa mambo ya jikoni. Familia yako nayo itakusogelea kwa hayohayo.

Kama umekosa cha kusimulia, inua macho kutoka kwenye kikokotoo. Yule dada anayekuuzia mabegi Sanyuanli ameegemeza simu kwenye boksi. Kwenye simu kuna mtoto anakula tambi, na nyuma yake bibi. Dada huyo huenda katoka Hunan au Sichuan, na mtoto kabaki kijijini. Mwaka 2016 serikali ya China ilihesabu watoto wa vijijini zaidi ya milioni 9 wanaolelewa mbali na wazazi waliokwenda kutafuta kazi. Mnabishania yuani mbili huku nyote wawili mkiwa na ugonjwa mmoja. Wakati mabegi yanahesabiwa, mpungie mkono mtoto wake. Kisha mpigie wako, nao wapungiane. Bei huenda isishuke. Jioni utakuwa na habari ya kupeleka nyumbani.

Fedha isiende peke yake

Kuna malalamiko ya kudumu Xiaobei: wa nyumbani hawapigi ila wanapotaka hela. Na kuna malalamiko ya kudumu nyumbani: akishatuma hela anadhani amemaliza. Wote wanasema kweli.

Watu wa Guangdong walishapita njia hii. Kwa zaidi ya karne moja wanaume wa mkoa huo na wa jirani yake Fujian walikwenda Siam, Malaya, Marekani na kwingineko kutafuta riziki, na walipotuma fedha nyumbani walituma kitu kiitwacho qiaopi: barua na fedha katika safari moja, kiasi kikiandikwa juu ya bahasha, maneno yakiwa ndani. Aliyepokea alitakiwa kuandika jibu, na jibu hilo ndilo lililokuwa stakabadhi. Hebu fikiri mama aliyesaini fedha kwa kueleza ng'ombe kazaa na mtoto kaota meno! Nyaraka hizo zilitambuliwa na UNESCO mwaka 2013 kama kumbukumbu ya dunia.

M-Pesa, tangu ilipoanza Kenya mwaka 2007, imetupatia bahasha ya haraka kuliko zote, lakini ndani yake hamna barua. Itie wewe. Ukituma fedha, tuma na ujumbe wa sauti usiotaja fedha hata kidogo. Anayepokea naye ajibu kwa habari moja ya nyumba: kilichopikwa, aliyekuja, kuku aliyepotea. Neno "imefika" peke yake lisikubaliwe kuwa stakabadhi. Na mara moja kwa mwezi pigeni simu siku ambayo hakuna anayemdai mwenzake chochote, ili simu ikilia mtu asiikimbie.

Siku mbaya

Aprili 2020, katika hofu ya korona, Waafrika wengi Guangzhou walitolewa kwenye nyumba na hoteli walizokuwa wakikaa, na baadhi walilala barabarani. Video zilifika Nairobi na Dar es Salaam kabla wahusika hawajapiga simu. Mama aliyeambiwa jana "niko salama, usijali" leo alimwona mtu aliyefanana na mwanawe amekalia begi kando ya njia, kwenye simu ya jirani. Najua kwa nini watoto wale walificha. Hata hivyo nasema kwa uchungu: habari mbaya yako imfikie mama kutoka kinywani mwako, na iwahi kuliko makundi ya simu. Mwambie umelala wapi, uko na nani, umekula nini. Atalia. Kilio chake kitakuwa na mahali pa kushika.

Na kuna msiba. Kwa karibu miaka mitatu, kuanzia Machi 2020 hadi mipaka ilipofunguliwa Januari 2023, aliyetoka China kwenda kuzika hakuwa na uhakika wa kurudi. Watu walizika baba zao kwa simu iliyoinuliwa juu ya vichwa vya waombolezaji. Msiba ukikufika, fanya hivi. Mteue mpwa mmoja, mrefu, asiye mwepesi wa kulia. Mtumie bando la kutosha na umwambie kwamba kazi yake siku hiyo ni wewe tu. Asihangaike na picha. Asogee kwenye sauti: dua au nyimbo, majembe, udongo unavyoshuka. Picha itakatika, sauti hustahimili zaidi. Na usiangalie peke yako chumbani. Waite wenzako wa Xiaobei wakae nawe sakafuni, apatikane wa kupika chai, wakupe mkono wa pole kwa mikono yao wenyewe. Kama wewe ni Mwislamu, msikiti wa karibu na kaburi linalonasibishwa na sahaba Saad bin Abi Waqqas hauko mbali. Kama ni Mkristo, kanisa kuu la mawe la Moyo Mtakatifu lina Waafrika wenzako kila Jumapili. Msiba wa mbali unataka miili ya karibu.

Siku ya kurudi

Mwisho kuna jambo ambalo hakuna anayekuonya. Umekuwa ukizungumza na binti yako kila jioni tangu ana miezi minane. Anakujua. Anakuita baba, anabusu kioo, anakuonyesha jino. Unashuka ndege na begi la wanasesere, unafungua mikono mlangoni, naye anapiga ukelele na kujificha nyuma ya kanga ya mama yake. Watu wanacheka, wanamvuta, "Si baba huyu? Baba wa kwenye simu!" Anazidi kulia.

Usimvute, na wasimvute. Baba anayemjua ana ukubwa wa kiganja, hana harufu, na hana miguu. Wewe ni jitu lililoingia na viatu.

Msalimie kila mtu, kunywa maji, kisha nenda chumbani ufunge mlango. Mpigie mama yake. Simu ikiita sebuleni mtoto atakimbia kuipokea, kwa sababu ni saa 9 alasiri na hiyo ndiyo saa ya baba. Zungumzeni kama kawaida. Akuonyeshe jino. Muulize kuku yuko wapi. Muulize mgeni aliyekuja leo ni nani, na usikilize atakavyomweleza. Kisha, huku mkiendelea kuongea, fungua mlango kidogo, aisikie sauti yako kutoka pande mbili.